Ayutthaya kwa Siku Moja Ukitokea Bangkok: Mwongozo Kamili wa Ziara Fupi na Mwongoza Watalii

Watu wetu wengi wanaofika Bangkok hawakwenda kutalii. Wamekwenda kufunga mzigo wa nguo Pratunam, kuuza vito mitaa ya Silom, au kumuuguza ndugu hospitalini. Ikibaki siku moja kabla ya ndege, mtu huambiwa, "Nenda Ayutthaya." Anakwenda, na jioni anarudi na malalamiko ambayo nimeyasikia mpaka nimeyakariri: alifika saa 6 mchana, jua likampiga, akazungushwa mahekalu manane, akapitishwa maduka mawili, na anachokumbuka ni matofali.

Ayutthaya inataka mambo matatu: kuanza mapema, vituo vichache, na mtu wa kukueleza kilichosimama mahali ambapo leo pako wazi. Hilo la tatu ndilo zito zaidi. Mji huu ulikuwa makao makuu ya Siam, jina la zamani la Thailand, tangu karne ya 14 hadi 1767, jeshi la Burma lilipouteka na kuuchoma. Vya mbao viliteketea. Baadaye hata matofali mengi yalipakiwa mashuani yakaenda kujenga Bangkok. Kwa hiyo macho peke yake hayatoshi. Ukiingia bila mwongozaji utaona magofu yanayofanana. Ukiingia na mwongozaji mzuri, vituo vinne vinakutosha kabisa.

Mwongozo huu ni wa siku moja, kutoka Bangkok na kurudi jioni hiyohiyo. Ni kilomita 80 hivi kuelekea kaskazini.

## Vitu vya kuandaa kabla ya yote

Hati. Beba pasipoti au nakala yake safi. Kwa ambao bado hawajasafiri: wasafiri wanaotoka Kenya, Tanzania, Uganda, Kongo, Rwanda na Burundi wanatakiwa kuonyesha cheti cha chanjo ya homa ya manjano wanapoingia Thailand. Na tangu tarehe 1 Mei 2025 kila mgeni hujaza kadi ya kuwasili kwa njia ya mtandao, ndani ya siku 3 kabla ya kufika. Kuijaza ni bure. Tovuti ikikudai pesa kwa ajili ya kadi hiyo, toka haraka, si ya serikali.

Pesa taslimu. Treni, tuktuk na madirisha ya tiketi yanataka noti, tena ndogondogo. Noti ya baht 1,000 asubuhi inawasumbua watu chenji. Bajeti ninayopendekeza ni hii:

- mwongoza watalii: tenga baht 1,500 hadi 2,500 kwa siku;
- tuktuk: baht 200 hadi 300 kwa saa;
- viingilio: tenga baht 100 kwa kila hekalu, hata kama bei dirishani itakuwa chini ya hapo;
- chakula cha mchana: baht 150;
- treni ya kawaida, daraja la tatu: chini ya baht 50 kwenda, na kiasi hichohicho kurudi.

Mtu mmoja peke yake atatumia kama baht 4,000 na kitu. Watu wanne wakigawana tuktuk na mwongozaji, kila mmoja hafiki hata 2,000. Tafuteni wenzenu hotelini au kwenye kundi la wafanyabiashara mliosafiri pamoja.

Nguo. Mabega na magoti yafunikwe, kwa wanaume na wanawake. Vaa pamba nyepesi, ya rangi isiyovuta joto. Khanga moja au kikoi begini kitakufaa kuliko unavyodhani: unajifunga kiunoni penye masharti makali, unajitandia jua likikaza, na unakalia pasipo na benchi.

Viatu. Viwe na soli imara kwa ngazi mbovu, lakini rahisi kuvua. Raba za kamba nyingi zitakuchelewesha kila mlangoni.

Kinga ya jua na maji. Kofia, mwavuli, mafuta ya kujikinga na jua, lita moja na nusu ya maji, na pakiti mbili za ORS, ile chumvi na sukari ya kuchanganya na maji. Ukitoka Mombasa au Dar es Salaam usijiambie umezoea joto. Kule magofuni joto linatoka juu na linarudi kutoka kwenye matofali.

Simu. Laini ya Thailand, ramani ya mji iliyopakuliwa, betri ya akiba, na programu ya LINE. Wathai wengi hawatumii WhatsApp. Mwongozaji na dereva watakutafuta kwenye LINE.

## Hatua ya 1: Chagua siku inayokubali

Miezi mizuri ni Novemba hadi Februari, hewa inapokuwa kavu na asubuhi zina ubaridi kidogo. Machi hadi Mei joto ni kali mno, na Aprili huvuka nyuzi 35 mara nyingi. Septemba na Oktoba ni wakati wa mito kujaa. Mji wa kale ni kisiwa kilichozungukwa na mito mitatu, Chao Phraya, Pa Sak na Lopburi, na mwaka 2011 mafuriko yalizamisha sehemu kubwa ya magofu. Ukisafiri miezi hiyo, muulize mwongozaji hali ya maji siku moja kabla.

Nenda katikati ya wiki. Jumamosi na Jumapili wenyeji wa Bangkok wenyewe huhamia huko na familia zao. Epuka pia tarehe 13 hadi 15 Aprili, sikukuu ya Songkran. Ni sherehe nzuri ya kumwagiana maji, lakini siku hiyo utalowa, simu italowa, na maelezo ya historia hutayasikia.

## Hatua ya 2: Pata mwongozaji mwenye leseni

Thailand kazi ya kuongoza watalii ni ya raia wa nchi hiyo tu, na kila mwongozaji lazima awe na leseni ya Idara ya Utalii. Ni kadi yenye picha yake na namba, na hutakiwa kuivaa akiwa kazini. Mwombe picha ya kadi kabla ya kutuma malipo ya awali. Mwenye leseni hakasiriki ukimwomba, amezoea.

Hapa pana jambo linalowaponza watu wetu. Utakutana na Mwafrika mwenzetu anayeishi Bangkok, anazungumza Kiswahili safi, anakwambia, "Kaka, nitakupeleka mimi kwa nusu bei." Nia yake inaweza kuwa njema, lakini akikamatwa anakuongoza kwa malipo, yeye yuko matatani na ziara yako imekufa papo hapo. Akusindikize kama rafiki, sawa. Kulipwa kwa kuongoza, hapana.

Dereva wa tuktuk naye si mwongozaji. Atakupeleka na kukusubiri getini, na wengi wao ni waungwana sana, lakini maelezo hatakupa.

Pa kumtafuta: hoteli yako, kampuni za utalii zilizosajiliwa, au ofisi ya Mamlaka ya Utalii ya Thailand iliyo mjini Ayutthaya penyewe, katika jengo la zamani la mkoa, barabara ya Si Sanphet. Usitegemee kupata wa Kiswahili. Ila wapo wa Kiingereza, Kifaransa na Kiarabu, kwa hiyo ndugu wa Kongo, Burundi na wale wa Ghuba ombeni lugha mnayoielewa vizuri. Maelezo ya kubahatisha yanachosha kuliko jua.

Kabla ya kukubaliana, muulize swali moja: "Utanianzishia wapi, na kwa nini hapo?" Mwongozaji mzuri atakutajia joto, kivuli na msongamano wa mabasi. Anayeanza kukutajia duka la vito au la hariri, mshukuru na utafute mwingine.

## Hatua ya 3: Andikeni makubaliano

Ugomvi mwingi wa ziara hizi unatokana na maneno ya mdomoni. Mtumie ujumbe LINE wenye mambo haya, naye ajibu kwamba amekubali:

1. Siku, mahali pa kukutana na saa. Andika saa kwa tarakimu za 24. Ukimwambia "saa tatu" ukiwaza asubuhi ya Kiswahili, yeye ataelewa usiku wa manane au alasiri. Saa 3 asubuhi yetu ni 09:00, na saa 9 na nusu alasiri ni 15:30.
2. Vituo vinne, kwa majina yake (Wat maana yake ni hekalu): Wat Yai Chai Mongkhon, Wat Mahathat pamoja na jirani yake Wat Ratchaburana, Wat Phra Si Sanphet, Wat Chaiwatthanaram.
3. Bei yote, na kilichomo ndani yake: tuktuk, viingilio, chakula cha mwongozaji.
4. Hakuna kusimama dukani.
5. Hakuna kupanda tembo.

Juu ya hilo la tano nasema wazi: wapo tembo wanaobeba watalii karibu na magofu, wakipita kwenye lami wakati wa jua kali wakiwa na viti vya chuma mgongoni. Sisi tunaotoka nchi ambako tembo anatembea anakotaka hatuna sababu ya kulipia kitu kile.

Ukiwa na saa nne tu, toa Chaiwatthanaram na uondoke baada ya kituo cha tatu. Kupunguza kituo ni bora kuliko kukimbia vyote.

## Hatua ya 4: Toka Bangkok kabla mji haujaamka vizuri

Panda treni. Mabasi madogo ya abiria kutoka kituo cha Mo Chit nayo hufika, na kukiwa shwari huwa na kasi zaidi, lakini foleni za Bangkok hazina adabu. Treni za masafa marefu huondokea Krung Thep Aphiwat, kituo kikuu kipya, na baadhi ya treni za kawaida bado huondokea Hua Lamphong. Vyote viwili vinafikika kwa treni ya chini ya ardhi. Waliolala karibu na uwanja wa ndege wa Don Mueang wana bahati, kwani reli hiyohiyo inapita mlangoni.

Lenga treni ya kati ya saa 12 na nusu na saa 1 na nusu asubuhi. Safari ni kama saa moja na nusu, na treni ya kawaida huweza kufika saa mbili. Daraja la tatu halina namba za viti: madirisha wazi, feni juu, wachuuzi wanapita na wali uliofungwa. Kaa upande usio na jua, yaani kushoto, maana unaelekea kaskazini na jua linachomoza kulia kwako.

Tangazo la kituo ni la haraka. Fuata ramani kwenye simu na usimame mlangoni dakika tano kabla.

Ukishuka Ayutthaya, fanya jambo moja kabla ya kutoka kituoni: piga picha ratiba ya treni za kurudi iliyobandikwa ukutani. Madereva watakuzunguka wakiwa na picha za mahekalu mkononi. Wape heshima, tabasamu, endelea mpaka umwone mwongozaji wako. Ukiwa umekaa kwenye benchi la tuktuk kabla ya saa 3 na robo, uko vizuri.

## Hatua ya 5: Wat Yai Chai Mongkhon, saa 3 na nusu asubuhi

Anza hapa kwa sababu kipo upande uleule wa kituo cha treni, nje ya kisiwa, na mabasi makubwa ya watalii huwa bado hayajajaa. Pia hapa bado ni hekalu hai lenye watawa, na kuona hekalu linaloishi kwanza kunakusaidia kuyaelewa yaliyokufa baadaye.

Chedi, ule mnara mkubwa unaochongoka kwenda juu, unahusishwa na ushindi wa mfalme Naresuan dhidi ya Waburma mwaka 1592. Kuuzunguka kumepangwa safu za sanamu za Buddha zilizokaa, kila moja imefungwa kitambaa cha rangi ya manjano. Panda ngazi za chedi asubuhi hii miguu ikiwa bado na nguvu. Ni wima, na vidato havilingani. Shuka kwa ubavu ukishika ukuta, hasa kama magoti yanakusumbua.

Adabu za kukumbuka, na zinakwenda nawe vituo vyote:

- Usiinyooshee miguu sanamu ya Buddha unapokaa. Kunja magoti pembeni.
- Mwanamke asimguse mtawa wala kumpa kitu mkononi.
- Usipande juu ya ukuta wala msingi wa sanamu kwa ajili ya picha.
- Vua viatu na kofia kabla ya kuingia kwenye ukumbi wa ibada.

Mwislamu au Mkristo anayejiuliza kama anafanya ibada asiyoikusudia: hakuna anayekudai kuinama wala kuwasha ubani. Kunyamaza na kuvua viatu kunatosha, na wenyeji wanauheshimu mpaka huo.

Mvua ikikukuta hapa, mwombe mwongozaji mhamie Wat Phanan Choeng iliyo karibu. Ndani, chini ya paa, kuna Buddha wa mita 19 aliyewekwa mwaka 1324, kabla hata mji haujaasisiwa.

## Hatua ya 6: Wat Mahathat, na ule uso kwenye mizizi

Ukivuka mto Pa Sak umeingia kisiwani. Hiki ndicho kituo ambacho kila mtu amekiona kwenye picha, na ndicho wanachokiharibu kwa haraka.

Usikimbilie kichwa cha Buddha. Mwambie mwongozaji aanze na sanamu zisizo na vichwa, zile zilizopangwa mstari kando ya kuta. Nyingine zilivunjwa vita vya 1767, nyingine zilikatwa baadaye na wezi wa vitu vya kale, kwa sababu kichwa ndicho kinachouzika. Ukilielewa hilo kwanza, kichwa kilichobaki kwenye mti kitakuwa na uzito mwingine kabisa.

Kichwa chenyewe ni cha jiwe la mchanga. Mti wa aina ya mtini umekifunga kwa mizizi: masikio yamefunikwa, kisogo hakionekani, mzizi mmoja umepita shavuni, na uso umebaki wazi, macho yameinama, midomo imetulia. Kiko chini, karibu kabisa na ardhi. Kwa hiyo sheria ya hapa ni kuchuchumaa unapopiga picha, kichwa chako kisiwe juu ya kile. Mlinzi yupo, na atakwambia uketi hata kama umevaa suti. Usikiguse. Usikipe mgongo kwa mzaha.

Sheria nyingine ya Mahathat ambayo wageni huivunja bila kujua: usisimame nyuma ya sanamu isiyo na kichwa ukaweka chako juu yake ili upigwe picha. Kwa wenyeji ni tusi zito, na walinzi hawalichukulii kama utani.

Baada ya picha, ondoka kwenye umati na ukae kivulini dakika kumi. Mwombe mwongozaji akuonyeshe mahali mnara mkuu uliposimama, na akueleze tofauti ya chedi na prang, ule mnara mnene wa mtindo wa Wakhmer wenye ncha butu. Mtihani ni huu: ukiweza mwenyewe kunyoosha kidole na kusema "ile ni prang, ile ni chedi" bila kukosea, maelezo yameingia. Kama bado, muulize tena. Unamlipa kwa kazi hiyo.

Jambo la tiketi: dirishani huuzwa tiketi ya hekalu moja moja, na nyingine ya pamoja inayofungua magofu sita. Soma bei zote mbili na upige hesabu. Kati ya mahekalu yako, yaliyomo kwenye tiketi hiyo ya pamoja ni manne: Mahathat, Ratchaburana, Phra Si Sanphet na Chaiwatthanaram.

## Hatua ya 7: Vuka barabara, Wat Ratchaburana

Ni jirani kabisa, unavuka kwa miguu. Mfalme aliijenga mwaka 1424 mahali walipochomewa maiti kaka zake wawili, waliouana wakigombea kiti cha enzi juu ya tembo.

Panda ndani ya prang, kisha shuka kwenye chumba cha chini. Ngazi ni nyembamba na kali, hewa ni nzito, lakini kuna michoro ya ukutani ambayo bado inaonyesha wekundu wake. Mwaka 1957 wezi walikivunja chumba hiki wakachukua dhahabu nyingi. Iliyookolewa iko kwenye Makumbusho ya Taifa ya Chao Sam Phraya, hapohapo mjini. Mwenye shinikizo la damu au anayeogopa sehemu finyu asishuke. Abaki juu, mandhari ni nzuri.

## Hatua ya 8: Saa 6 hadi saa 8 mchana, usiwe magofuni

Hapa ndipo ziara nyingi huvunjika. Watu husema "tumalizie tu moja", wakati jua liko utosini. Katisha. Kula, kunywa ORS, kaa penye feni.

Ayutthaya inasifika kwa kamba wakubwa wa mtoni waliochomwa mkaani. Ni watamu, ni ghali, uliza bei kwa kilo kabla hawajawekwa motoni. Tambi za supu zipo kila kona, ila nguruwe huingia mpaka kwenye mchuzi na wakati mwingine damu yake hukolezea supu. Asiyekula aseme *mai sai mu*, yaani usiweke nguruwe, na aliye makini zaidi atafute alama ya halali.

Halali haipatikani kwa taabu. Ayutthaya ina Waislamu wa tangu zamani. Mwanzoni mwa karne ya 17 alifika hapa Sheikh Ahmad, mfanyabiashara kutoka Qom, Uajemi, akapanda hadi kuwa mkubwa katika baraza la mfalme, na kaburi lake lipo mjini hadi leo kwenye eneo la Chuo Kikuu cha Rajabhat. Msomaji wa Lamu, Unguja au Muscat ataona mwenyewe kwamba biashara ile ya pepo za kusi na kaskazi ilifika mbali.

Kisha nenda barabara ya U Thong, karibu na hospitali ya mkoa, kwenye vibanda vya *roti sai mai*. Wauzaji wengi ni Waislamu. Mpishi anashika donge la unga laini linalonata mkononi, analigusisha kwenye bamba la moto na kulizungusha mara moja, anainua mkono. Linabaki duara jembamba kama manda za sambusa. Sekunde chache linabanduliwa, linatupwa juu ya lundo, la kijani na jeupe. Pembeni kuna mfuko wa nyuzi za sukari za rangi. Unachukua duara, unatandaza nyuzi, unakunja, unakula. Nunua mfuko mmoja, na ule siku hiyohiyo kabla sukari haijanyonya unyevu.

Kama bado una nguvu, makumbusho ya Chao Sam Phraya ni mahali pazuri pa kusubiri jua lishuke, na dhahabu ya Ratchaburana itakufanya ukikumbuke kile chumba cha chini. Jumatatu huwa imefungwa.

## Hatua ya 9: Wat Phra Si Sanphet, kwa mlango wa kivuli

Phra Si Sanphet haina kivuli hata kidogo. Kwa hiyo anzia jirani yake, ukumbi wa Wihan Phra Mongkhon Bophit, ambako kuna Buddha mkubwa wa shaba chini ya paa. Toka hapo jua likianza kulegea, kama saa 8 na nusu, uingie kwenye magofu.

Utaona chedi tatu zimesimama mstari mmoja. Humo yaliwekwa majivu ya wafalme watatu, baba na wanawe wawili. Hili lilikuwa hekalu la ikulu, halikuwa na watawa, na ndilo lililoigwa kwa Wat Phra Kaew ya Bangkok. Kama umeshafika Ikulu Kuu ya Bangkok, mwambie mwongozaji akulinganishie: hapa palikuwa na nini, kule kuna nini. Muulize pia habari za Buddha wa hapa aliyevishwa dhahabu na kuchomwa mwaka 1767 ili dhahabu iyeyuke.

Kisha muombe mtembee hadi nyuma, kwenye uwanja mtupu. Hapo palikuwa na ikulu. Ndiyo sehemu watalii wanaipita bila kugeuza shingo, na kwangu ndiyo inayofundisha zaidi kwenye mji huu wote. Simama kwenye msingi wa ukumbi, mwache mwongozaji anyooshe mkono: mlango huku, kiti cha enzi kule, mto pale. Ukianza kuuliza maswali yako mwenyewe ("wapishi waliishi wapi?"), ziara imefanya kazi.

Tahadhari moja: mbwa wasio na wenyewe hulala magofuni. Usiwachokoze, usiwakimbie, usiwape chakula. Ukitafunwa, osha kidonda kwa sabuni na maji mengi, kisha hospitali siku hiyohiyo kwa chanjo ya kichaa cha mbwa.

## Hatua ya 10: Wat Chaiwatthanaram, saa 10 jioni

Iko ng'ambo ya Chao Phraya, magharibi mwa kisiwa. Mfalme Prasat Thong aliijenga mwaka 1630. Inawekwa mwisho kwa sababu jua linazama nyuma yake na matofali yanageuka rangi ya moto. Prang kuu ina mita 35, na imezungukwa na ndogo kwa mpangilio.

Maelezo hapa yawe mafupi. Mpe mwongozaji dakika ishirini, kisha mwombe akuache uzunguke peke yako. Utawaona Wathai wengi wamevaa mavazi ya kale, wameyakodi maduka ya ng'ambo ya barabara. Hata mgeni anaweza kukodi, na hakuna anayekasirika, wenyeji hufurahi.

Uliza saa ya kufunga geti unapokata tiketi, maana walinzi huanza kuwatoa watu kabla ya giza.

## Hatua ya 11: Kurudi salama

Mlipe mwongozaji na dereva mbele ya kila mmoja, kiasi kilichoandikwa. Bakshishi si lazima, lakini aliyekufanyia kazi nzuri mwongeze baht 100 au 200, umpe kwa mkono wa kulia. Noti ikianguka usiikanyage kuizuia isipeperuke: ina picha ya mfalme, na nchi hii heshima ya mfalme inalindwa na sheria kali.

Fika kituoni nusu saa kabla ya treni. Hucheleweshwa, hasa zinazotoka mbali kaskazini, kwa hiyo usipange ndege ya usiku uleule. Ukipata tatizo lolote na mwongozaji, dereva au duka, piga 1155, polisi wa watalii.

La mwisho ni la mizigo. Vibandani utauziwa vichwa vya Buddha vya jiwe na shaba, wakikwambia ni vya kale. Kutoa sanamu ya Buddha nje ya Thailand kunahitaji kibali cha Idara ya Sanaa, na bila kibali inaweza kuzuiwa uwanja wa ndege. Nunua kitambaa, nunua bakuli, nunua *roti sai mai* ya kula kwenye treni. Vichwa viacheni huko.